Kibaba, Dira na Wingu: Msamiati wa Kupima Matumizi na Kutoza Malipo kwa Mifano ya Visiwa vya Lamu

Utangulizi

Programu za kompyuta zilikuwa zikiuzwa kama vitabu. Mnunuzi alilipa mara moja, akachukua sanduku lenye sahani ya programu, akaitumia apendavyo hadi ilipochakaa. Katika miaka ya 2000 biashara hiyo ilianza kubadilika. Mwezi Machi 2006 kampuni ya Amazon ilianza kukodisha nafasi ya kuhifadhi data kwa senti 15 za dola ya Marekani kwa kila gigabaiti kwa mwezi, na mwezi Agosti mwaka huohuo ikaanza kukodisha kompyuta zake kwa senti 10 kwa saa. Tangu hapo programu nyingi zimekuwa zikiuzwa kama maji ya bomba: mteja hufungua, hutumia, mashine iliyo mbali huhesabu, na mwisho wa mwezi ankara hufika. Huduma za namna hii ndizo zinazoitwa huduma za wingu.

Mwanafunzi wa Kiswahili anaweza kuuliza jambo hili linamhusu vipi. Linamhusu kwa sababu kila biashara ya kuuza kitu kinachotumika kidogokidogo hujengwa juu ya maneno matatu: kupima, kuhesabu na kutoza. Mteja asiye na maneno hayo katika lugha anayoimudu hawezi kuigombea hesabu yake. Ataipokea ankara kama apokeavyo mvua. Makala haya yanashikilia kwamba Kiswahili cha pwani kina urithi mkubwa wa msamiati wa kupima, na kwamba upungufu unaolalamikiwa katika istilahi za biashara ya wingu umetokana zaidi na kusahau kuliko kukosa. Mifano mingi imechukuliwa kutoka visiwa vya Lamu, mahali ambapo nafaka, boriti, maji, umeme na sasa data vyote vimepimwa na kulipiwa.

Tele na mfuto

Katika vipimo vya zamani vya pwani, vibaba viwili vilifanya kisaga, visaga viwili vikafanya pishi, na pishi 60 zikafanya jizla. Kwa uzani kulikuwa na frasila, ambayo ni karibu na kilo 16. Vipimo hivyo vilitumika kotekote katika mwambao, na visiwa vya Lamu, vilivyokuwa vikipokea na kusafirisha bidhaa kwa majahazi, havikuwa nje ya mfumo huo.

Jambo lenye uzito kwa mada hii si ukubwa wa kibaba bali namna ya kukijaza. Kiswahili kinatofautisha kibaba cha tele na kibaba cha mfuto. Kibaba cha tele hujazwa mpaka nafaka ikafanya kichuguu juu ya ukingo. Kibaba cha mfuto hujazwa kisha ukingo ukafutwa kwa kiganja au kijiti, nafaka ikabaki sawasawa na mdomo wa chombo. Neno mfuto limetokana na kitenzi futa, na limebeba ndani yake kitendo chenyewe cha mkono. Wauzaji wawili wenye vibaba vya ukubwa mmoja na bei moja wangeweza kumpa mnunuzi viwango tofauti kabisa vya mchele, na mnunuzi aliyejua maneno hayo mawili alijua la kuuliza kabla hajafungua mkoba.

Suala hilohilo limo katika ankara za wingu, ijapokuwa huko mambo yamegeuzwa. Hapo awali Amazon ilitoza kompyuta zake kwa saa nzima, na sehemu ya saa ilihesabiwa kuwa saa kamili. Mteja aliyeitumia mashine kwa dakika 61 kwa bei ya senti 10 kwa saa alidaiwa senti 20. Muuzaji alijihesabia tele. Mwezi Oktoba 2017 kampuni hiyo ilianza kutoza mashine nyingi kwa sekunde, kwa sharti kwamba muda wa chini kabisa ni sekunde 60. Kwa kanuni hiyo dakika 61 zinagharimu senti 10 na kitu kidogo. Huo ni mfuto, ingawa ile dakika ya kwanza imebaki na kichuguu chake.

Wakenya walikwisha kuyaona hayo katika simu. Tofauti ya kutoza mazungumzo kwa dakika na kuyatoza kwa sekunde ilikuwa miongoni mwa mambo yaliyowavuta watu wa kipato kidogo kununua laini za simu mwanzoni mwa karne hii. Anayepiga simu ya sekunde 10 kuuliza kama mashua imefika hana sababu ya kulipia sekunde 50 za kimya. Katika mijadala ya bei za simu maneno tele na mfuto yangefaa sana, badala ya kueleza kwa sentensi nzima jambo ambalo wazee walilisema kwa neno moja.

Biashara ya boriti za mikoko inatoa somo jingine. Miti ya mikoko ya Lamu hupangwa kwa unene, na kila daraja ina jina lake: fito ndizo nyembamba zaidi, hufuata pau, kisha boriti, kisha nguzo. Huhesabiwa kwa korija, yaani miti 20. Bei basi hutokana na vitu viwili kwa pamoja, daraja na idadi, na mtu hawezi kuuliza bei ya korija bila kutaja ni korija ya nini. Biashara hiyo ililisha bandari za Uarabuni na Ghuba kwa miaka mingi mpaka serikali ya Kenya ilipopiga marufuku usafirishaji wa mikoko nje ya nchi mwaka 1982.

Bei za umeme za Kenya nazo zina madaraja. Kwa bei zilizoanza mwezi Aprili 2023, mteja wa nyumbani anayetumia vizio 30 au chini yake kwa mwezi yumo katika daraja la bei nafuu, anayezidi 30 mpaka 100 yumo katika daraja la pili, na anayezidi 100 yumo katika la tatu. Hata hivyo kuna tofauti inayofaa kuangaliwa. Daraja la fito limo katika fito yenyewe. Mnunuzi huliona kwa macho na kulishika kwa mkono. Daraja la umeme halimo katika umeme. Limo katika tabia ya mteja, na kizio kilekile kinabadilika bei kwa sababu ya vizio vingine vilivyotumika kabla yake. Wauzaji wa huduma za wingu wanaupenda sana mtindo huu wa pili, na ndio unaowachanganya wateja wao zaidi.

Mita, dira na LUKU

Neno linalotumika sana Kenya kwa chombo cha kuhesabia umeme au maji ni mita. Ni neno lenye kasoro, kwa kuwa Kiswahili kinalitumia vilevile kwa kizio cha urefu. Kifungu cha maneno "mita mbili za maji" kinaweza kuwa na maana ya kina cha maji gatini au idadi ya vyombo ukutani. Katika mazungumzo muktadha huokoa. Katika mkataba, muktadha ni wakili wa kulipwa.

Tanzania imechukua njia nyingine. Mamlaka za maji huko husema dira ya maji, na dira inayohitaji kulipiwa kwanza huitwa dira ya malipo ya kabla. Chaguo hili lina uzuri wake. Dira ni chombo cha nahodha, kile cha sindano kinachomwonyesha mwelekeo akiwa baharini, na neno lenyewe linatokana na Kiarabu, lenye asili ya mduara. Chombo cha maji chenye uso wa mviringo na mshale uzungukao kiliazima jina kutoka chombo cha bahari kwa mfanano wa sura. Yaani neno la majahazi lilisafiri likaenda bara, likapata kazi mpya katika mabomba, ilhali Lamu, ambako dira ya bahari haihitaji kufafanuliwa kwa mtu, watu wamebaki na mita. Msamiati hauzingatii daima umbali mfupi.

Kuna pia njia ya uundaji wa maneno kwa kuambatanisha, iliyotupatia kipimajoto na kipimapembe. Kwa utaratibu huo kipimaumeme na kipimamaji ni maneno halali, na kipimatumizi kinaweza kuchukua nafasi ya jumla kwa chombo chochote cha kuhesabu matumizi, kiwe cha chuma au cha programu. Ubaya wa maneno haya ni urefu wake. Dira ni fupi, na maneno mafupi ndiyo yanayobaki midomoni.

Shirika la umeme la Tanzania lilipoanzisha malipo ya kabla katika miaka ya 1990 liliyaita LUKU, yaani Lipa Umeme Kadiri Utumiavyo. Kifupisho hicho kimekuwa nomino kamili. Watu husema luku imekwisha, ama wananunua luku, bila kufikiria herufi. Huko Zanzibar malipo ya namna hiyo yanajulikana kwa jina la TUKUZA. Kenya ilipofuata njia hiyo haikuunda jina la Kiswahili, na kilichobaki ni tokeni.

Kwa mwanaisimu LUKU inastahili kutazamwa kwa karibu. Kitenzi "utumiavyo" kina kirejeshi -vyo cha namna au kadiri, na hakina kiambishi cha njeo. Hakisemi uliyotumia, wala utakayotumia. Kifungu hicho kinaeleza uwiano baina ya malipo na matumizi, lakini kimenyamaza kuhusu lipi linatangulia. Kwa hakika katika LUKU malipo hutangulia. Mteja wa wingu naye huambiwa maneno yaleyale, alipe kadiri atumiavyo, ilhali kwake matumizi ndiyo hutangulia na ankara ikafuata. Mifumo miwili iliyopishana kabisa inaelezwa na sentensi moja iliyo sahihi pande zote mbili. Anayelipa kabla hukatikiwa na umeme. Anayelipa baada hufikiwa na deni asilolitarajia. Istilahi zinapaswa kutenganisha hatari hizi, na malipo ya kabla na malipo ya baada yanatosha kwa kazi hiyo.

Kati ya mifumo hiyo miwili kuna ule wa kukopeshwa kilicholipiwa kabla. Kampuni ya Safaricom huwakopesha wateja salio la simu kwa huduma iitwayo Okoa Jahazi, kwa ada ya asilimia 10. Jina hilo limechukuliwa kutoka msemo wa kuokoa jahazi lisizame. Mwamu anayelisikia huenda akaona vituko, kwani jahazi lililokopa shehena halijaokolewa, limeongezewa mzigo.

Nani anakula?

Wasemaji wa kawaida hawakungoja wataalamu wa istilahi. Wamekwisha kuunda msamiati wao wa matumizi, na kiini chake ni kitenzi -la. Simu inakula pesa, friji linakula stima, programu fulani inakula bando. Salio hukwisha, bando huisha, na pale mteja anapohisi kudhulumiwa husema mita inakimbia.

Kisarufi, mtenda katika sentensi hizi ni kifaa. Mwenye simu hatajwi kama mtumiaji, na aghalabu hatajwi kabisa. Ankara, kwa upande wake, humwita yeye mtumiaji na kumfanya mtenda wa kila kizio. Hapa pana mgogoro wa kweli, wala haupaswi kuchukuliwa kuwa mzaha wa lugha ya mitaani. Programu ya simu inayojisasisha usiku mwenyewe akiwa amelala imekula data, na kusema kwamba mwenye simu ameitumia ni kusema jambo ambalo sarufi yake yeye mwenyewe imelikataa. Wanaotunga mikataba ya wingu wangefanya vyema kutofautisha matumizi ya mteja na matumizi ya mashine kwa niaba ya mteja. Lugha ya watu imekwisha kuyatenganisha.

Kiswahili kina kitenzi kingine kisichotajwa katika mafunzo ya biashara, nacho ni punja. Kupunja ni kumpa mtu chini ya haki yake katika kipimo au hesabu, na mara nyingi hufanywa kwa namna ambayo mtu haioni papo hapo. Katika madrasa za Lamu watoto huhifadhi mapema juzuu ya mwisho ya Kurani, ambayo ndani yake imo sura ya 83, al-Mutaffifin, iliyopewa jina la wapunjao vipimo. Mtoto wa kisiwani hujua basi kabla hajajua kuandika hundi kwamba dhuluma ya kipimo ni dhambi yenye jina lake.

Kipimo kiko wapi?

Linganisha sehemu tatu ambapo kipimo kinaweza kukaa. Katika jabia, yale matangi ya kukinga maji ya mvua yanayopatikana katika visiwa kama Pate, Ndau na Kiwayu, maji huchotwa kwa ndoo na kutiwa katika mitungi. Chombo cha kupimia ndicho chombo cha kubebea. Mchotaji na mwenye zamu wote wawili wanakitazama, na hesabu huishia palepale.

Chombo cha umeme cha malipo ya kabla kimo ndani ya nyumba ya mteja, lakini lugha yake imefungwa. Tokeni ina tarakimu 20, na ndani yake umefichwa ujumbe kuhusu kiasi cha umeme na wakati tokeni ilipotolewa. Chombo hakihitaji kuwasiliana na yeyote. Hufungua ujumbe huo kwa ufunguo wake, huongeza vizio, na hukumbuka tokeni zilizokwisha kutumika ili isiingizwe mara ya pili. Ndiyo maana chombo kilichoko kisiwani hufanya kazi hata mtandao wa simu ukiwa umepotea. Wakati huo uliofichwa huhesabiwa kwa dakika kuanzia tarehe 1 Januari 1993, na nafasi iliyotengwa ingeweza kuhesabu dakika 16,777,216 tu. Nafasi hiyo ilijaa tarehe 24 Novemba 2024. Kabla ya siku hiyo wateja duniani kote, wa Kenya wakiwemo, walitakiwa kuingiza misururu miwili ya ziada ya tarakimu 20 kabla ya tokeni ya kawaida ili chombo kianze hesabu upya. Wengi waliingiza tarakimu 60 kwa kidole bila kuelezwa kwa lugha nyepesi kilichokuwa kikifanyika. Maelezo yangehitaji sentensi moja tu: kalenda ya mita yako imefika ukurasa wa mwisho.

Katika wingu kipimo kimehamia nyumbani kwa muuzaji. Hadi mwezi Aprili 2015 hata mashine za M-Pesa, zilizotunza salio la mvuvi wa Lamu na la dukani kwake, zilikuwa Ujerumani, ndipo zikahamishiwa Kenya. Mteja wa wingu huona jumla iliyokwisha kufanywa. Kila anapoitumia programu hutokea tukio la matumizi, nalo huandikwa na mambo manne: nani, nini, kiasi gani, lini. Matukio hayo hukusanywa, hujumlishwa kwa saa au kwa siku, huzidishwa kwa bei ya daraja husika, kisha hutozwa.

Ugumu hujificha katika kuandika. Ichukuliwe kwamba duka moja la Faza linatumia programu ya wingu inayotoza kwa kila risiti. Mwenye duka anatoa risiti, mtandao unakatika kabla jibu halijarudi, simu yake inajaribu tena. Je, muuzaji amepokea risiti moja au mbili? Akihesabu mbili amempunja mteja bila kukusudia. Suluhisho linalotumika ni kulipa kila tukio nambari yake ya pekee tangu linapozaliwa, ili likifika mara mbili mashine itambue kwamba ni tukio rudufu na kulihesabu mara moja. Ni kanuni ileile ya tokeni isiyoingia mara mbili, isipokuwa hapa inalinda mfuko wa mteja badala ya ule wa shirika. Tatizo la pili ni tukio linalochelewa: risiti ya usiku wa mwisho wa mwezi iliyofika asubuhi ya tarehe mosi ni ya ankara ipi? Muuzaji anaweza kuchagua wakati wa kutokea au wakati wa kufika. Uchaguzi wowote unakubalika maadamu umeandikwa, na Kiswahili hakikosi maneno ya kuuandika.

Lugha ya ankara

Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 inakitambua Kiswahili katika ibara ya 7 kuwa lugha ya taifa na mojawapo ya lugha rasmi mbili. Ibara ya 46 inampa mnunuzi haki ya kupata habari anazohitaji ili anufaike kikamilifu na bidhaa au huduma. Ibara hizi mbili hazijakutanishwa ipasavyo. Ujumbe wa tokeni unaofika katika simu za wateja umezoeleka kuwa katika Kiingereza cha vifupisho, na fedha zisizonunua umeme zimerundikwa chini ya kichwa cha makato mengine. Katika rundo hilo mna gharama ya mafuta ya mitambo, marekebisho ya thamani ya fedha za kigeni, kodi ya ongezeko la thamani na tozo kadhaa. Kwa sababu hiyo mteja aliyenunua umeme kwa kiasi kilekile miezi miwili mfululizo hupata vizio tofauti, asijue kama ni bei iliyopanda au ni mfuto uliofutwa kwa mkono mzito.

Wanaotetea hali hii husema ujumbe wa Kiswahili ungekuwa mrefu mno. Dai hilo linapimika. Kwa tarakimu za kubuni, ujumbe ungeweza kuwa hivi: "Dira: 12345678901. Tokeni: 12345678901234567890. Vizio: 8. Umelipa: sh 250. Umeme: sh 160. Mafuta na fedha za kigeni: sh 50. Kodi na ushuru: sh 40." Ujumbe mmoja wa simu hubeba herufi 160, nafasi na alama zikihesabiwa. Huu hauzifikii.